Ramani ya Boma la Mogire

Kitendawili, wajukuu zangu! Boma zima limeingia chini ya kiganja. Mmeshindwa? Nipeni mji. Haya, mmenipa Ogembo, nimekula nimeshiba. Ni ramani ya kupapasa, ile Mogire wa Gesima alimtengenezea Nyanchera, mchumba wake asiyeona, zikiwa zimebaki siku nne waoane.

Nyanchera alikuwa kwao Suneka, vidole vikitembea juu ya ubao.

"Hizi punje za wimbi?"

"Hilo ni shamba letu la chai," Mogire akasema. "Sasa fuata uzi. Hapo ni langoni. Hilo jiwe ni nyumba ya mama. Na hili, nyumba yetu."

Gladys, dadake Nyanchera, akacheka. "Shemeji, huyu anapapasa kama anachagua mawe kwenye maharagwe!"

"Wacha nipajue kwangu!"

Kidole kikasimama. Kando ya nyumba yao palikuwa na kijiwe kirefu, kimelala.

"Na hiki?"

Mogire akauvuta ubao kidogo.

"Mogire, ni kaburi?"

"Ni... la nyanya."

"Nyanya yako azikwe kando ya nyumba yako? Kwetu mwanamke aliyeolewa huzikwa penye nyumba yake. Aliyelala hapo ni nani?"

Mwanamume akachukua kofia, akatoka. Hata chai aliyomiminiwa hakuigusa.

Ijumaa, simu ikamsomea Nyanchera ujumbe kwa ile sauti yake kavu: "Nisamehe. Nimeambia wazee harusi isimame."

Akapiga papo hapo.

"Unavunja harusi kwa meseji, Mogire?"

"Niliogopa utanikataa. Nikaona nitangulie."

"Si ungeacha tu kuweka hicho kijiwe? Mimi ningejua aje?"

"Ungejikwaa," Mogire akasema. "Miaka sita natengenezea watoto wasioona ramani. Kitu cha kukwaza mguu hakiachwi. Hicho nilikibandika, nikakibandua, mara tatu. Mkono ukakataa kukuacha uanguke."

Nyanchera akaketi kitandani, gauni jeupe likiwa mapajani. Machozi yalimtoka, akayaacha yashuke.

"Nitapita hapo kila asubuhi nikienda kisimani," akasema. "Siwezi kupita mtu kama jiwe. Niambie ni nani."

Akamsikia Mogire akivuta pumzi, akiitoa, akivuta tena.

"Sharon," akasema. "Mke wangu. Alifariki akijifungua. Mtoto wetu amelala naye."