Niliwaonyesha Wanawake Filamu ya Mume Wangu

Wasomaji wenzangu, mimi naitwa Mwanamize, bibi wa miaka sabini na sita, mkaazi wa Jomvu Kuu. Shule niliishia darasa la pili, kwa hivyo haya nayaandika polepole. Lakini jina la mtu silisahau, wala alilonitenda.

Mume wangu, Shee, alikuwa kuli kiwandani Changamwe tulipooana. Mwaka wetu wa pili walikuja Wataliano wakitafuta watu wa kuigiza. Shee alikuwa mrefu, ana mabega... wakamchukua Malindi miezi miwili. Aliporudi alinambia ameigiza mpagazi. Mpagazi! Baadaye baharia mmoja, Mselemu, akaniletea gazeti la Kitaliano lenye picha. Mume wangu uchi kama alivyozaliwa, amembeba mwanamke wa Kizungu! Kumbe filamu yenyewe ilizua kesi huko kwao, ikapigwa marufuku.

Gazeti nililitia motoni. Mama mkwe aliponiuliza, nikasema ni uwongo wa mabaharia. Shee hakuigiza tena, na mtaa ukasahau. Miaka hamsini nilimsitiri mwanamume huyu!

Mwaka jana wakaja vijana wawili wa Kitaliano kumtafuta. Ati filamu ile sasa inasifiwa kwao, na hakuna ajuaye yule mwigizaji alipotelea wapi. Mjukuu wangu Tima, niliyemlea tangu mamake afariki, ndiye aliyewatafsiria. Wakamwekea filamu kwenye simu yake.

Tangu siku hiyo Shee akavimba kichwa. Ndevu akazitia hina! Mwezi wa pili akanambia anaoa, Mwanajuma, mjane wa Mikindani. Nikamuuliza nimemkosea nini. Mnajua alinijibu nini?

"Wewe Mwanamize hukuwahi kujua umeolewa na nani. Mwenzio anajua mimi ni nyota wa filamu."

Mimi! Niliyemsitiri mimi! Sikulia. Nilingoja siku ya kupamba.

Mwanajuma, na ujane wake wote, alitaka apambwe kama mwari, akae kitini ukumbini wanawake wamtazame. Kwetu siku hiyo simu hukusanywa mlangoni, maana wanawake wamevua mabuibui. Lakini nani atampekua bibi kizee, tena mke mkubwa? Simu ya Tima nilikuwa nimeiazima, ati nimpigie dada yangu wa Likoni. Na kwa vile Shee alivyokuwa akitaka kujitazama kila siku, nilishajua kidole kinabonyezwa wapi.

"Bi Mwanamize! Umekuja! Wallahi una moyo," akasema Saumu, shangazi wa bibi harusi.

"Moyo ninao, Saumu. Na zawadi ninayo."

Nikamtia simu mkononi. Ikapita mkono kwa mkono.

"Subhanallah! Si Shee huyu?"

"Ndiye! Mwanajuma, njoo umwone bwanako alivyokuwa hana hata kikoi!"

Ukumbi ukaangua kicheko. Mwanajuma akang'oa asumini kichwani, akakimbilia ndani. Ndoa ikafa pale pale. Nami nikakaa, nikala biriani sahani mbili. Mungu anisamehe, sijapata kula biriani tamu kama ile!

Kisha simu ikafika kwa Bi Zuhura... Huyu ni mama wa Twalibu, kijana aliyemposa Tima wangu. Sikujua kama naye amealikwa. Alipoizima filamu, ikatokea picha ya mbele ya simu: Tima na Twalibu, wamekaa bega kwa bega.

"Kumbe simu ni ya Tima," akasema taratibu.

Sahani nikaiweka chini.

Ijumaa posa ikavunjwa. Nilimwendea Bi Zuhura, nikamwapia kwamba simu niliichukua kwa hila, mtoto hana kosa.

"Mimi nakuamini, dada," akanijibu. "Lakini ukumbi mzima umejua mkwe wangu anaweka nini kwenye simu. Niwapitie wote nyumba kwa nyumba?"

Tima amehamia Likoni kwa dada yangu. Nikipiga, hapokei. Shee yumo humu ndani, hatoki hata kwenda msikitini. Namwekea chakula, simsemeshi. Yeye simwonei huruma hata chembe! Akirudia, nitarudia. Lakini Tima... Tima alinikosea nini?

Wenzangu mlioumizwa, siwaambii msamehe, mimi mwenyewe sijaweza. Nawaomba moja tu: aliyekukosea mkabili yeye, chumbani, mlango umefungwa. Usiite watu. Ukishawaita, huchagui tena watamcheka nani.