Namba Chini ya Laptopu

Kipanga aliruka ukuta wa paa, akatua kwa magoti, akaendelea kukimbia.

Mbele yake mlanguzi wa silaha alikimbia amekumbatia kifuniko cha chini cha laptopu. Laptopu yenyewe ilishakamatwa asubuhi, imemwagiwa maji, bodi mama, sakiti yake kuu, imeungua.

"Kaka, umempata?" Sauti ya Sindano ilikwaruza sikioni.

"Bado."

Sindano alikuwa chini, ndani ya gari. Alishafunga bodi mpya na laptopu ikawaka. Lakini bodi mpya haikuwa na namba ya utambulisho, na mtambo wa kompyuta wa walanguzi ulifunguka kwa mashine moja tu: ile yenye namba ambayo mtambo huo uliitambua. Bila namba hiyo, iliyobandikwa kwenye kifuniko kile, hakuna ambaye angejua kontena la bunduki liko ghala gani. Na adhuhuri lingeondoka.

Kipanga ndiye aliyemfundisha Sindano kushika bastola. Siku hizi Mkuu wa kikosi chao humwita kijana huyo "jicho langu." Zamani jina hilo lilikuwa la Kipanga.

Lilimkaa kooni kama mwiba wa samaki.

Mlanguzi akafika ukingoni. Akageuka na kisu.

Teke moja, kisu kikaruka. Ngumi moja, mtu chini.

Kipanga akamtia pingu, akageuza kifuniko. Kibandiko kilikuwepo, kimechubuka.

"Nisomee taratibu, kaka. Nikishaiandika, bodi inajifunga. Hakuna kurudia."

Akasoma hadi tarakimu ya mwisho. Alipoisogeza karibu aliona ni saba. Lakini kwa mchubuko ule, yeyote angeapa ni moja.



Aseme moja, Sindano aumbuke mbele ya Mkuu. Nani angemlaumu?

"Kaka, imebaki ya mwisho," Sindano alisema kwa sauti ya chini. "Wewe sema tu. Nakuamini."



"Saba. Andika saba."

Vidole vikagonga vitufe.

"Imekubali. Ghala la nne, upande wa reli."

Baadaye kidogo Mkuu akaingia redioni. "Kontena tunalo, na watu wao wote. Sindano, wewe ni jicho langu."

"Namba imetoka kwa kaka, mzee."

"Najua. Hongera, Sindano mwanangu."

Mwanangu.

Kipanga alichomoa kifaa sikioni. Alimkabidhi mlanguzi kwa askari waliofika paani, akashuka ngazi hadi kwenye gari. Sindano alitoka mbio, jasho tele, anacheka.

"Umefanya kazi nzuri," Kipanga alimwambia.

Ilikuwa kweli, na ndiyo maana ilimuuma.

Akapangusa vumbi magotini, akarekebisha kola, akaondoka polepole bila kugeuka.