Kaseti ya HM-96-14

Machuki, fundi wa viatu, aliishi Migori mjini na mkewe, Mellen. Mwaka wa 1997 walinunua televisheni na deki ya video.

Jumamosi moja Machuki alitaka kurekodi mpira. Alichukua kaseti iliyoandikwa HM-96-14-1. Haikuwa na jina la mtu, kwa hivyo alidhani ni tupu.

Jioni Mellen aliiweka ili atazame arusi yao. Akaona wachezaji.

"Mama alizungumza kwa hiyo arusi," alisema. Mama yake, Robi, alikuwa amefariki mwezi wa tatu.

Jumatatu walienda kwa Kaltum, ambaye pamoja na mumewe Hamud Mohammad walipiga video za arusi. Kaltum aliwapa pole, akasema kilichofutwa hakirudi. Kisha akasoma ile namba.

"HM ni Hamud Mohammad. 96 ni mwaka. 14 ni kazi ya kumi na nne mwaka huo. Hii moja ya mwisho ni kaseti ya kwanza."

Alifungua daftari lake. Kazi ya kumi na nne ilikuwa na kaseti mbili, na maneno ya wazazi yalikuwa kwa ile ya pili.

"Iko nyumbani," Machuki alisema polepole. "Nilikuwa nimeiweka ya mechi ya Jumapili ijayo."

Alirudi mbio kuileta. Kaltum aliwaonyesha kijino cha plastiki mgongoni mwa kaseti. Kikivunjwa, deki haiwezi kurekodi juu yake. Machuki akakivunja mwenyewe. Kaltum aliwaambia wasifute namba, ila waandike chini yake kilichomo. Waiweke ndani ya kasha, mahali pakavu, mbali na spika, kwa sababu sumaku iliyo ndani yake huharibu picha. Kisha akawatolea nakala.

Jumapili Mniko, kakake Mellen, alikuja kutoka Kegonga. Kaseti yenyewe ilibaki kabatini, walitazama nakala. Robi alisimama mbele ya wageni, akamwambia Machuki amtunze binti yake. Halafu akasahau maneno, akacheka, akamwomba Hamud azime kamera. Hamud hakuzima.

Mniko alicheka hadi akapangusa macho. Mellen akairudisha nyuma, wakamsikiliza mama tena.