Hakuna Aliyemwitikia Loveness

Tulitoka kwenda kununua maziwa. Nataka hilo lieleweke mapema, maana kila ninayemsimulia habari hii ananiuliza kwanza tulikuwa tunatafuta nini huko. Tulikuwa tunatafuta maziwa ya jioni, kama kila Jumamosi. Mchezo wa simu ulikuwa wa njiani tu.

Mimi ni Mectilda, muuguzi, mzaliwa wa Muleba. Kazi ilinileta Mbulu, nikapanga vyumba viwili pamoja na Loveness, mwalimu wa sekondari aliyetoka Iramba. Yeye ni mdogo kwangu, na hunipa shikamoo kila asubuhi hata kama tumelala tumenuniana. Mimi ni mtu wa kushuku. Nikiletewa chai ambayo sikuiagiza, namtazama kwanza aliyeileta. Loveness humwamini kila mtu, kwa hiyo nilikuwa nimejipa kazi ya kushuku kwa niaba yetu sote wawili.

Siku hizo alikuwa mpweke, anataka kuomba uhamisho. Nilimwambia mji huu haujui bado, anaukimbiaje. Basi akaniletea hiyo programu. Unatembea mjini mwenyewe bila mtu wa kukuonyesha njia. Simu inakupa fumbo na mshale wa kukuelekeza, unalitafuta eneo, unapiga picha, unapewa fumbo jingine mpaka unamaliza vituo vyote. Alisema miji mikubwa watu wanacheza sana. Yeye alishangaa kukuta hata Mbulu mchezo upo. Mimi nilishangaa zaidi, nikauliza ni nani aliyeuweka, maana mwenyeji wa mchezo hakuwa na jina wala picha. Akasema labda ni Rogers, mwalimu mwenzake wa kompyuta. Rogers nilikuwa simwamini tangu zamani, kwa hiyo sikutulia.

Kioo cha simu yake kilikuwa kimepasuka, tukatumia yangu. Simu ikauliza nani anaongoza na nani anafuata. Nikajiandika mimi kuongoza, Loveness kufuata. Halafu ikaanza kuuliza habari za anayefuata peke yake. Ana kovu? Amewahi kuvunjika? Nguo yake ni ya rangi moja? Nimejaza fomu za wagonjwa mpaka mkono unajiendea wenyewe, nikajibu tu. Loveness akacheka, akasema hata chanjo ya utotoni haikumwachia alama. Alikuwa amevaa sweta jeusi na sketi nyeusi, kwa ajili ya baridi.

Simu ikakubali. Ikaandika: "Anayefuata asitangulie."

Kituo cha kwanza kilikuwa kibao cha kukaribisha wageni, barabara ya Karatu. Jua lilikuwa linashuka na ukungu ulishaanza kukaa juu ya mikaratusi. Nilipokuwa nampiga Loveness picha, akapita mzee mmoja aliyejifunga shuka, fimbo mkononi.

"Shikamoo mzee," nilisema.

"Marahaba, mama. Hamjambo huko?"

Loveness naye akamwamkia, kwa adabu yake ile ya kuinama kidogo.

Mzee akapita.

Tulidhani hakusikia. Masikio ya wazee ni ya kuvumiliwa, Loveness alisema, na akanitania kwamba mimi nimeitikiwa kwa sababu ninaonekana mama wa watu wazima. Tukaendelea.

Kituo cha pili kilikuwa daraja dogo nje ya mji. Tulikuta akina mama watatu wanatoka mashambani na majani ya ng'ombe vichwani. Niliwasalimu, wakanijibu vizuri, wakaniuliza habari za kazi, na mmoja alinikumbuka kutoka kliniki. Loveness akawasalimu.

Hawakumtazama. Waligawanyika wakampita pande mbili, namna unavyolipita gogo lililolala njiani. Wa mwisho akachomoa majani kidogo kwenye mzigo wake, akayaweka begani kwa Loveness, akaendelea na safari yake. Loveness aliyaangalia yale majani, kisha akaniangalia mimi. Nikamwambia huenda ni baraka za kwao, na ni kweli nilishasikia kwamba majani huku ni ishara ya amani. Lakini baraka humtazama mtu usoni. Hilo sikumwambia.

Hapo ndipo niliposikia harufu. Ya manyoya. Manyoya ya mnyama aliyenyeshewa. Nikageuka kutafuta kundi la mifugo, na hapakuwa na kitu zaidi ya barabara.

Nilitaka turudi. Loveness akasema tumebakiza vituo viwili tu, tena cha tatu kiko dukani, barabara ya Tumati, tungeweza kununua maziwa palepale. Nikakubali kwa sababu ya maziwa. Njiani nikaanza kumfikiria Rogers, kwamba amewapanga watu hawa wote watutanie, na nilikuwa nimeshaandaa maneno ya kwenda kumwambia Jumatatu. Ilikuwa nafuu kumshuku Rogers.

Muuza duka alikuwa kijana mchangamfu. Loveness akamwomba maziwa. Kijana akaniangalia mimi, akauliza nahitaji nini. Loveness akarudia, safari hii kwa sauti kubwa, mkono ameuweka juu ya meza yake. Kijana akauliza tena, mimi, nahitaji nini.

"Huyu dada anaongea na wewe," nilisema.

Akatazama mahali Loveness aliposimama. Akatazama chini kidogo, usawa wa kiuno. Kisha akasema kwa upole kwamba nje kuna mti, naweza kufunga pale.

"Kufunga nini?" niliuliza.

Alishaanza kumhudumia mteja mwingine. Loveness alinivuta nje, macho yamejaa machozi, akiniuliza amewakosea nini watu hawa. Simu ikatetemeka mkononi mwangu: kimebaki kituo kimoja.

Nikampigia Rahel. Rahel ni mkunga ninayefanya naye kazi, amezaliwa hukohuko Tumati, na hana tabia ya kuongea ovyo. Nilijifanya naulizia njia. Akaniuliza tumepita wapi na wapi, nikamtajia. Akauliza mji tulikuwa tumeuacha mkono gani. Sikuwahi kuliwaza hilo. Tangu kibao cha kwanza mji ulikuwa kushoto kwetu. Tulikuwa tunauzunguka.

Rahel akaanza kunong'ona. Alisema babu yake alikuwa akiwasimulia jinsi wazee wa zamani walivyoilinda nchi. Walichagua kondoo mweusi asiye na kovu wala kilema, wakamwongoza kuzunguka mipaka yote ili magonjwa na njaa visiingie, na wakimaliza mzunguko anachinjwa. Yalikuwa maombi, alisema, yalifanyika mchana mbele ya watu wote, na hakuna aliyefichwa kitu.

"Sasa huyu aliyeweka kwenye simu ni nani?" niliuliza.

"Sijui. Si mzee wetu, sista. Mzee angeweka kondoo."

Rahel akauliza kama watu wanamwitikia Loveness salamu. Nikasema hapana.

"Kondoo haitikiwi," alisema. "Sikiliza. Msimalize huo mzunguko. Mtafutie mtu mmoja amwitikie kabla giza halijaingia. Mtu asiyejua lolote. Akiitikiwa, huyo ni mtu kama wewe."

"Mimi je? Mimi si namwitikia kila siku?"

"Wewe ndiye unayemwongoza."

Mtandao ukakatika. Nilipiga tena na tena, haikupatikana.

Loveness alikuwa amesikia. Simu yangu hupiga kelele, aliye karibu husikia kila kitu. Sikuwahi kumwona akiogopa namna ile kabla ya siku hiyo, na mimi nilikuwa naogopa kuliko yeye, maana nilikuwa nimejiandika kwa mkono wangu. Nikamshika, tukageuka. Tulirudi kwa njia ya mkato, katikati ya mji, ili mzunguko usifungike.

Alimsalimu kila tuliyekutana naye. Dereva wa bodaboda aliyeegesha pikipiki. Hakuna. Katekista Yohanes, ambaye huimba naye kwaya moja, alikuwa anatoka kanisani na Biblia kwapani. Akanipa mkono mimi, akaniuliza mwalimu Loveness siku hizi yuko wapi, mbona mazoezini haonekani. Loveness alikuwa amesimama ameshika ukingo wa koti la katekista. Alilishika mpaka likamponyoka.

Giza lilikuwa linashuka. Harufu ya manyoya ilikuwa inatufuata, au tulikuwa tunatembea nayo. Nilijizuia kumnusa Loveness. Nikaitoa simu niizime kabisa, na ndipo nikaona kwamba ule mshale wa kuelekea kituo cha mwisho haukubaki nyuma yetu. Ulikuwa unaonyesha mbele. Tukakata kona, nao ukakata kona. Tukapita nyuma ya soko, ukatupitisha nyuma ya soko. Niliutazama mpaka tulipofika kwenye geti letu.

Kituo cha mwisho kilikuwa nyumbani.

Nilisimama. Loveness akaniuliza kwa nini nasimama. Kulala nje kwenye baridi ile hatungeweza, na kwa jirani tungekwenda kusema nini, wakati jirani asingemwona? Nikamwambia tuingie haraka tukampigie mtu. Nikatangulia. Sijui kwa nini nilitangulia. Miguu ilishazoea.

Ndani niliwasha taa na kufunga komeo. Simu yangu ikaandika: "Umefika. Umemleta?" Chini yake palikuwa na kitufe kimoja tu, cha Ndiyo. Sikukigusa. Nikaibonyeza pembeni izimike, haikuzimika. Nikaiweka kifudifudi mezani.

Tukachukua simu ya Loveness, ile ya kioo kilichopasuka. Alimpigia mama yake, Iramba. Huyo hajui lolote, na kama dunia nzima ingemsahau Loveness, mama huyu angebaki. Alikuwa akimpigia kila Jumapili asubuhi kumuuliza kama ameamka kwenda kanisani. Loveness aliweka sauti ya nje ili nami nisikie.

"Haloo, mwanangu."

Nililia palepale. Mwanangu. Ilitosha, niliona imetosha.

"Shikamoo mama," Loveness alisema.

"Haloo? Loveness?"

"Shikamoo mama. Ni mimi. Mama, shikamoo."

"Haloo..."

Nikaichukua simu nikaondoa ile sauti ya nje, nikaibana sikioni. Nikamwamkia. Akaniitikia mara moja, kwa furaha, akaniuliza ninaendeleaje na kazi. Nikamwambia Loveness yuko hapa pembeni yangu, anakusalimu, tafadhali mwitikie tu mama, sema marahaba.

"Mpe basi simu," alisema. "Na huyo kondoo mtoeni hapo karibu, analia sana. Simsikii mwanangu."

Loveness alikuwa ananitazama mdomo. Alikuwa amekaa ukingoni mwa kitanda, magoti pamoja, ananingojea. Simu ikakatika yenyewe, au niliikata, sikumbuki vizuri.

"Amesemaje, dada Mecti?"

"Amesema marahaba," nilijibu. "Amesema marahaba, mwanangu."

Akafunika uso kwa mikono, akalia kwa nafuu. Kisha akainuka, akasema ana njaa, akaanza kutafuta kiberiti cha kuwashia jiko, anaongea peke yake jinsi alivyokuwa amejua kwamba mama hawezi kushindwa kumsikia. Nilimwacha aongee. Nilikwenda nikasimama mlangoni, mgongo kwenye komeo.

Nje kokoto zikalia. Watu zaidi ya mmoja, wanatembea bila haraka.

"Hodi," mtu alisema, kwa upole kabisa. "Hodi, sista Mectilda."

"Karibu," Loveness aliitikia kutoka jikoni.

Wakangoja niitikie mimi.