Muhuri wa Ishirini

Haya alinisimulia rafiki yangu Fusae, wa hapahapa Osaka. Mumewe, Kihachi, alitunza daftari la mihuri ya maonyesho ya dunia ya mwaka 1970. Wenzake waligongewa muhuri mmoja kila banda. Yeye alikuwa na kumi na tisa, yote ya banda moja, iliyogongwa na msichana mmoja mhudumu.

“Alikuwa mzuri, siyo?” Fusae alimwuliza.

“Banda lenyewe lilishabomolewa, mama watoto, pamebaki nyasi tu. Unaonea wivu nyasi?”

Jioni, akienda kununua tofu ya soya, daftari likiwa kikapuni, Fusae alipita pale lilipokuwa banda, akalitupa daftari gizani. Nyuma yake akasikia muhuri ukigongwa: ko.

Nyumbani alimkuta Kihachi amelala fofofo. Shingoni alikuwa na muhuri wa ishirini, wino haujakauka.