Mshale wa Joto Uliolala

Wakati wa mavuno, Sun-rye na mumewe Gi-cheol waliamka kabla ya jua kuchomoza, wakapakia kabichi kwenye pikapu yao kuukuu. Kisha waliuvuka mlima kwenda sokoni katika mji wa Gangneung. Pikapu hiyo ndiyo iliyowalisha. Shamba lenyewe lilikuwa la kukodi, na mwenye shamba hakuwa mtu wa huruma.

Walipoinunua pikapu hiyo, mama mkwe wa Sun-rye alileta samaki mkavu na uzi mweupe, kama mama yeyote wa pale mwanawe akipata gari. Wakayamwagia magurudumu pombe ya mchele. Gi-cheol akamfunga samaki chini ya boneti, kwenye waya mmoja karibu na injini. Akakaza kwelikweli, ajali zisije.

Baada ya mwezi, mshale wa joto la injini kwenye dashibodi ukalala upande wa baridi. Haukuinuka tena, hata mlimani.

"Umeona baraka za Mama?" Gi-cheol alichekelea. "Wenzetu wanachemsha, sisi tunapoa."

"Baba Yong-ho, mbona mshale haupandi hata kidogo?" Sun-rye alimuuliza mumewe.

"Mwanamke, gari likichemka unalalamika, likipoa unalalamika. Upewe nini?"

Sun-rye akaacha kuuliza. Baadaye jambo hilo lilikuja kumuuma sana.

Mwezi wa nane, mnunuzi aliwataka wafike na mzigo mkubwa kabla ya saa sita mchana. Katikati ya mlima, gari likanuka kuungua. Mvuke ukafuka, injini ikakwama. Sun-rye akatazama mshale. Ulikuwa umelala vilevile.

Mnunuzi hakungoja. Kabichi zilioza juani, na zilinuka vibaya.

Jirani yao, Fundi Tak, alilivuta gari hadi gereji yake. Akafungua boneti, akaguna.

"Mpira wa rejeta umevuja siku nyingi. Maji yameisha, injini imeungua. Hamkuona?"

"Mshale ulikuwa chini," Gi-cheol alisema.

Fundi Tak akaunyanyua uzi mweupe. Waya ulikuwa umekatika palepale uzi ulipokazwa. Kisha akafungua kitu kidogo cha shaba kwenye injini, mwisho wa waya huo.

"Hii ni sensa ya joto, kifaa kinachopima joto la injini. Ncha yake hukaa ndani ya maji ya injini."

Akaiunganisha na mita yake. Akachovya ncha kwenye kikombe cha maji ya moto ya kahawa. Namba kwenye mita zikaanza kushuka.

"Namba hizi ni ukaidi wake. Ikiwa baridi, inauzuia umeme sana. Ikipata joto, inauachia upite. Umeme ukizidi kupita, mshale unapanda."

"Na waya ukikatika?" Sun-rye aliuliza.

"Umeme haupiti kabisa. Mshale unakaa kwenye baridi, hata injini ikiwaka moto."

"Kwa hiyo mshale ulitudanganya."

"Haukuwa na habari yoyote, dada. Ukiendesha dakika kumi hivi, mshale uwe karibu na katikati. Usipopanda, simama, gari likaguliwe. Mshale ukifika kwenye nyekundu, zima injini. Na kifuniko cha rejeta usikiguse mpaka kipoe, kitakuunguza uso."

Mama mkwe alikuwa amesimama mlangoni. "Basi ni mimi niliyewamaliza," alisema.

"Bibi, samaki hana kosa. Angewekwa chini ya kiti tu," Fundi Tak alimjibu.

Sun-rye alimgeukia mumewe kwa hasira.

"Nilikuuliza," alisema. "Nilikuuliza, ukanicheka."

Gi-cheol aliinamisha kichwa.

Walipata injini kuukuu kwa wauza vyuma chakavu. Lakini kodi ya shamba iliwashinda, na hawakulipata tena. Mwenye shamba alimkodishia jirani yao mwingine, Pyo, na wao wakawa wachukuzi wa kabichi zake.

Siku hizi dereva ni Sun-rye. Haanzi kupanda mlima kabla mshale haujapanda. Asubuhi moja, dakika kumi zilipita na mshale ukabaki chini. Akaegesha gari pembeni.

Safari hii Gi-cheol hakumcheka. Akashuka, akafungua boneti. Waya ulikuwa umechomoka kwenye sensa. Akauchomeka, akarudi ndani, wakangoja pamoja.

"Umepanda, Mama Yong-ho."

"Nimeona."

Walifika Gangneung mapema, injini ikiwa nzima. Wakashusha kabichi za Pyo. Zilikuwa kabichi nzuri, kubwa, zimefunga vizuri, na Sun-rye aliujua udongo uliozilea.