Kisu cha Juu ya Mlango

Sogeeni karibu, maana hii si hadithi ya kusimuliwa kwa sauti kubwa, na anayeogopa giza awashe taa yake mapema asije akanilaumu.

Kisu cha mkate kilikuwa cha moto. Arvo Kinnunen alikitoa kwenye msumari wake ukutani asubuhi, ajikatie kipande cha mkate wa iliki, akashtuka akakiachia kikaanguka kwenye sinki. Ubapa ulikuwa na joto lilelile la kisu kinapotoka kwenye jiwe la grenda, ile mashine yake ya kunolea. Na grenda yenyewe iko chini, kwenye chumba cha chini ya nyumba, hajaiwasha tangu jana. Alisimama pale na nguo zake za kulalia, akajiambia ni jua la dirishani lililokipasha. Jua! Novemba, kule kwetu Keweenaw, rasi ya kaskazini kwenye ziwa kubwa, ambako jua la mwezi huo hata theluji ya kofiani haliyeyushi. Lakini mtu akiwa peke yake hujidanganya upesi, maana hakuna wa kumwambia aache uongo.

Mkewe, Lempi, alikuwa amefariki Aprili, ziwa lingali barafu. Binti yao anaishi Arizona, anapiga simu Jumapili, anauliza, "Umekula, baba?" na baba anajibu amekula, basi, simu inakatwa. Nyumba ilibaki na mlio wa friji. Ndipo Arvo akanunua grenda ya umeme, ile ya mawe mawili, akaifunga kwa bolti kwenye meza ya kazi kule chini, akaanza kunoa visu. Alisema ni kwa ajili ya msimu wa kulungu, watu watahitaji visu vya kuchunia. Uongo wa pili huo. Alichokitaka ni kelele. Grenda ikilia ukimya ulihama, na cheche zikiruka alijiona kama yumo kwenye chumba chenye watu.

Majirani walileta visu kweli. Walivileta ndani ya makopo ya kahawa, wakaviacha barazani, wakaondoka bila kugonga, maana huku kwetu watu wanaona haya kumtazama mfiwa machoni, na haya hiyo wanaiita heshima. Arvo alivinoa vyote akavirudisha barazani. Akanoa vya jikoni, vya kuparia samaki, mikasi, mashoka, mpaka chuma cha kutobolea barafu. Siku moja ya mwisho wa Oktoba akazunguka nyumba nzima akitafuta kitu butu asikipate. Ukimya ukaanza kurudi. Ndipo akainua macho juu ya mlango wa nyuma, ule unaotazama msitu.

Pale kwenye boriti kulikuwa na kisu kimechomekwa. Mama yake Lempi ndiye aliyekichomeka nyumba ilipojengwa, na tangu hapo kilikuwa kinapakwa rangi pamoja na boriti kila nyumba ilipopakwa. Nyumba zetu zote zina chuma juu ya mlango: kwa mmoja kiatu cha farasi, kwa mwingine mundu, kwa mwingine msumari tu wa reli. Ukiuliza ni cha kuzuia nini unaambiwa unywe kahawa yako. Lempi akifuta vumbi alikuwa anakizunguka kwa kitambaa. Lakini Lempi hakuwapo, na Arvo alichukua koleo, akakivuta.

Hapo sasa ndipo lilipo kosa lenyewe. Jiwe la wazee lilizungushwa kwa mkono juu ya kihori cha maji, chuma kinanolewa huku kinakunywa. Grenda ya umeme inakwenda mbio tena kavu, na anayeijua kazi huchovya kisu kwenye kopo la maji kila mara. Arvo aliijua kazi. Ila siku ile mawazo yalikuwa kwa mkewe, mkono ukakandamiza, na aliposikia harufu na kutazama, ubapa ulikuwa umegeuka buluu kutoka nchani mpaka katikati. Kwisha. Chuma kikiungua hivyo kimekufa, hakishiki makali tena. Arvo akalaani, akakitupa kwenye ndoo ya vyuma chakavu, akapanda kwenda kulala.

Baada ya kisu cha mkate kuwa cha moto, ikafuata harufu. Harufu ya chuma kilichoungua, kwenye mto wa kulalia, kwenye kahawa, kwenye ndevu zake. Kisha siku moja, saa kumi na moja jioni, giza limeshaingia kama linavyoingia kwetu wakati huo, Arvo akiwa anamenya viazi akasikia grenda inazunguka kule chini. Haikuwa inanoa. Ilikuwa inazunguka tu polepole, kama mtu anayemsubiri mwenzake aje waanze kazi. Akateremka ngazi moja moja, ameshika kisu cha viazi. Taa ya mezani inawaka. Ng'ambo ya mwanga, kwenye kona ya mabati, kuna mtu amekaa.

"Umechelewa leo," likasema lile dude la kizani, kwa sauti ya Lempi.

Aliogopa, asikudanganye mtu. Lakini tangu Aprili hakuna mtu aliyemwambia amechelewa, na hakuna mtu aliyejali achelewe au awahi, na neno lile lilimwingia mpaka machozi yakamtoka. Akavuta kigoda akakaa.

"Nisimulie ile siku ya dansi," likanong'ona.

Akasimulia. Na jioni ya pili akasimulia walivyokwama kwenye theluji na keki ya harusi ya watu ndani ya gari. Na ya tatu habari za mtoto alipozaliwa. Lilikuwa linacheka pale hasa ambapo Lempi angecheka, linaguna pale ambapo Lempi angeguna. Arvo akaacha kumenya viazi. Mchana kutwa alikuwa anaokota kumbukumbu, apate cha kupeleka chini jioni, na mwili wake ukawa unapungua, na vidole vyake vikafa ganzi kwa baridi, na yeye hata habari hana, kwa sababu alikuwa na mtu wa kuzungumza naye.

Reino Lahtela ndiye aliyegundua. Huyu ni rafiki yake wa tangu ujana, mtu wa mdomo mwingi, na alikuja mchana akigonga mlango kwa kiatu kwa sababu mikono imebeba visu.

"We bwana, mbona umekonda hivi? Unanoa visu au unajinoa mwenyewe?"

"Kaa unywe kahawa, acha kelele."

"Kahawa yenyewe inanuka chuma! Lempi angekutandika na mwiko." Reino akacheka, akakaa. "Unakumbuka siku ile ya dansi ukumbini, ulivyomkanyaga mpaka kiatu kikamtoka? Mimi nikajua tu, huyu binti hakutaki tena. Kumbe!"

Arvo akamtazama. "Dansi gani?"

"Usinichezee, mzee mwenzangu. Dansi. Mlikokutana."

Arvo akaitafuta. Akaitafuta kama mtu anavyopapasa kwa ulimi mahali jino lilipong'oka. Hakuna. Akatafuta gari kwenye theluji, hakuna. Mtoto kuzaliwa, hakuna. Rangi ya macho ya mkewe, namna alivyocheka, neno alilolisema mwisho, hakuna, hakuna, hakuna. Alikuwa amezitoa mwenyewe kwa mdomo wake, moja baada ya moja, na kila aliyoitoa ilikuwa imekwenda.

"Reino," akasema kwa sauti ndogo, "nadhani nimeibiwa."

Akamweleza yote. Reino hakucheka. Aliinua macho taratibu juu ya mlango wa nyuma, akaona ufa mweusi kwenye boriti.

"Kisu cha mama mkwe kiko wapi?"

Arvo akamwonyesha kwenye ndoo. Reino alipoiona ile buluu akasimama wima. "Umekiua, Arvo. Ee Mungu wangu, umekiua. Usishuke chini. Usiseme kitu na mtu. Namfuata Bi Hilja."

Bi Hilja Saarela alikuwa mpiga chuku, bibi wa mwisho huku kwetu aliyebaki na pembe za kuumikia, za kunyonya damu mbaya mwilini, na nyumba yake iko mbali, njia ya theluji. Gari la Reino likaondoka, na Arvo akabaki jikoni na giza likiingia.

Grenda ikaanza. Safari hii haikutulia kule chini, kwa maana baada ya mlio wake zilisikika hatua kwenye ngazi, hatua za soksi, zile zile za Lempi akipanda na kapu la nguo, zikapanda bila haraka mpaka nyuma ya mlango mdogo wa jikoni, zikasimama, na harufu ya chuma kilichoungua ikapenya chini ya mlango na kujaa chumba kizima hata taa ikaonekana kufifia, na visu vyote ukutani vikaanza kutetemeka kwenye misumari yao.

"Arvo," likaita kwa upole. "Imebaki moja. Umenificha moja."

Ni kweli. Alipopapasa, alikuta kumbukumbu moja tu, ndogo, aliyokuwa hajaisimulia. Akaziba mdomo kwa mikono miwili.

"Nipe na hiyo. Halafu kila jioni mimi ndiye nitakayekusimulia, zote, dansi, gari, mtoto. Ukinifukuza nakwenda nazo, nawe utakaa hapa na viazi vyako. Nani mwingine atakusimulia? Reino? Reino alikuwa ukumbini tu, mimi nilikuwa kifuani mwako."

Na lilianza kumwonjesha, likamsimulia dansi, muziki na jasho na kiatu kilichotoka, vizuri mno, mpaka Arvo akainuka bila kujijua na mkono wake ukashika kitasa, na angefungua, Wallahi angefungua, kama taa za gari zisingepiga dirishani.

Bi Hilja aliingia amejifunga shali tatu, mkoba wa pembe kwapani. Akanusa. Akamshika Arvo mkono kama mtoto, akamtoa kwa mlango wa nyuma mpaka sauna, kile kibanda cha mvuke uani, ambako Reino alikuwa anawasha moto huku meno yanamgongana.

"Vua shati, lala," akasema. Mawe yalipopata moto akamchanja mgongoni, akabandika pembe, akanyonya. Kisha akainama sikioni. "Mwanangu, mimi siwezi kulitoa kama wewe hutaki. Unataka litoke?"

Arvo akalia kwa sauti. "Likitoka, mke wangu anakwenda nalo!"

"Mkeo alikwenda Aprili, na tukamzika Mei ardhi ilipolainika. Nilikuwepo. Umebakiwa na nini?"

"Moja tu, Bi Hilja."

"Basi ifunge mdomoni. Hata mimi usiniambie. Likikosa hiyo halina pa kushikia."

Likaja. Walisikia theluji inalia chini ya nyayo, zikasimama mlangoni, na kwa sauti ya Lempi likaanza kuzitaja zote, miaka arobaini ya ndoa, vicheko na ugomvi na asubuhi za kawaida kabisa, na Arvo alilala pale akizisikiliza zikipita kama habari za watu wengine, akajua kila inayopita hataisikia tena, akang'ata taulo mpaka fizi zikatoa damu, na Reino akawa anamkandamiza mabega asiinuke huku naye analia, kwa sababu nyingine katika zile alikuwemo. Pembe zikajaa damu nyeusi. Mwisho likabakia kuuliza tu, "Na ile moja? Arvo? Na ile moja?" mara nyingi, na sauti ikawa inapoteza ya Lempi, inakuwa nyembamba, inakuwa kama jiwe linalozunguka bila kisu.

Arvo akazidi kung'ata taulo. Bi Hilja akachota kata ya mwisho ya maji, ile ambayo kwetu haioshi mtu bali huachiwa wasioonekana, akaimwaga yote juu ya mawe. "Hii ni yako," akaliambia. "Kunywa, nenda zako." Mvuke ukanguruma, mlango ukafunguka wenyewe ukajipigiza, na kule chini ya nyumba mawe ya grenda yakapasuka kwa kishindo kimoja. Halafu ikawa theluji tu.

Asubuhi Reino alichomeka mundu wa baba yake juu ya mlango. Arvo akapona, akanenepa. Watu siku hizi wanaingia mpaka ndani, wanakunywa kahawa, wanamsimulia habari za Lempi, na binti alikuja kutoka Arizona akaleta picha. Arvo anasikiliza kwa adabu, anatikisa kichwa, anasema, "Alikuwa mtu mzuri, inaonekana." Kisha binti anakwenda kulia gerejini.

Ile moja hakuna anayeijua. Si Reino, si binti, si Bi Hilja mpaka alipokufa. Anaonekana nayo tu, jioni, amekaa dirishani na uso umelainika. Nilikuwa mjinga siku moja nikamwuliza, nikamwambia, mzee, sisi ni watu wako, tugawie na sisi. Akaweka kikombe mezani, akanitazama kwa hofu, kama amesikia sauti nyingine ndani ya yangu.

"Nikikupa wewe," akasema, "mimi nitabaki na nani?"